Aliyeshinda, Nani Atamfundisha? Fikra katika Hadithi ya Mwindo

Tukisema mila, watu wengi hapa Nyalukemba wanafikiri mara moja mahari, kilio na ngoma. Ni kweli, hizo ni mila. Lakini kuna mila ya mawazo pia, na hiyo ndiyo inapotea bila mtu kuililia.

Shuleni wengi wetu tulifundishwa falsafa kama kitu cha Wagiriki na Wazungu. Halafu mwaka 1945 padri Mbelgiji Placide Tempels, aliyekuwa Katanga, akatoa kitabu juu ya falsafa ya Kibantu, na mabishano yakaanza: falsafa hiyo ni ya Wabantu, ama ni ya padri? Paulin Hountondji wa Benin alikataa kabisa habari ya kabila zima kuwa na wazo moja. Kwake yeye, falsafa inataka mtu anayefikiri kwa jina lake na kujibu wengine. Tunakubali. Lakini tunasema: mutu anaweza kufikiri kwa jina lake hata akiwa anasimulia hadithi.

Tuchukue hadithi ya Mwindo, ya ndugu zetu Wanyanga wa Walikale. Leo Walikale iko Kivu ya Kaskazini, lakini mpaka 1988 Kivu ilikuwa jimbo moja na makao yake yalikuwa hapa Bukavu. Si habari ya ugenini. Mwaka 1956 mzee Candi Rureke aliisimulia na kuiimba kwa siku nyingi mbele ya Daniel Biebuyck. Mwaka 1969 Biebuyck na Kahombo Mateene wakaichapisha kwa Kinyanga na Kiingereza. Mwaka 1978 Biebuyck akatoa hadithi zingine za namna hiyo kutoka kwa wasimulizi wengine, na hawakusema sawasawa. Maana yake, kila mzee alipima na kuchagua.

Nchi ya hadithi hiyo ni ya kubuni. Kijiji Tubondo hakiko kwenye karte. Mwami Shemwindo anawaamuru wake zake wasizae mtoto wa kiume. Mwindo anazaliwa akitembea na kusema, usinga wa mkia wa nyati mkononi. Baba anamrushia mikuki, anamzika, anamfungia ndani ya ngoma na kumtupa majini. Hafi. Anamfikia shangazi yake Iyangura, anakwenda kwa wajomba, anarudi na vita. Umeme wa Nkuba unaiteketeza Tubondo, baba anakimbilia chini ya ardhi, na mtoto anamfuata mpaka anamkamata.

Hadithi nyingi zingeishia hapo. Mwenye haki ameshinda, basi. Hii haiishii, na hapo ndipo tunaona fikra yake.

Kwanza, shangazi anasimama. Iyangura hana jeshi, lakini ndiye anayemwuliza mshindi: tutakaa hapa jangwani bila watu? Anataka watu wa Tubondo wafufuliwe kwanza, kisha ndipo ndugu yake aulizwe aliyoyafanya. Mwindo anawafufua kwa usinga wake. Ndipo Shemwindo anakiri makosa yake mbele ya wote, na kumkabidhi mwanawe utawala.

Tuangalie huo mpango vizuri: wafu kwanza, halafu maungamo, halafu mapatano. Kukiri mbele ya aliyekushinda peke yake ni rahisi. Unatafuta tu kuokoa roho yako. Kukiri mbele ya wale waliokufa kwa sababu yako, hilo ni jambo lingine.

Pili, mshindi mwenyewe anapelekwa shule. Mwindo, akiisha kuwa mwami, anaua joka Kirimu lililokula wawindaji wake. Kumbe joka lile lilikuwa rafiki wa Nkuba. Nkuba anampandisha mbinguni, na huko anakaa mwaka mzima akipigwa na baridi, mvua na jua, usinga haumsaidii kitu. Anakatazwa majivuno, anakatazwa kuua wanyama ovyo. Akirudi, anawapa watu wake sheria: limeni, msigombane, msimcheke mgonjwa, mkubali mwami, naye mwami awaogope watu kama wao wanavyomwogopa.

Mtu atatuuliza: hayo yote yanatusaidia nini? Mji huu umeona watu wa silaha wakiingia mwaka 1996, mwaka 2004, tena Februari 2025. Hakuna Nkuba aliyeshuka kumchukua mmoja wao. Na wafu wetu hakuna usinga wa kuwafufua. Swali hilo ni zito, na hatutaki kulikwepa.

Sisi tunaona hivi. Nchi ya kubuni haisemi mambo yalivyo. Inasema deni ni kiasi gani. Rureke angeweza kuwapatanisha baba na mwana juu ya majivu ya Tubondo, wakakumbatiana, ngoma ikapigwa. Hakufanya hivyo. Aliona kwamba mapatano ya wakubwa wawili bila watu waliokufa kuwapo ni ya uongo. Hapa kwetu, mara ngapi tumesikia mikataba imetiwa sahihi mbali, wenye silaha wakapewa vyeo, na kisha tunaambiwa sameheni? Kwa kipimo cha Tubondo, huko ni kuanzia mwisho.

Kama hatuwezi kufufua, tunaweza walau kuwaleta wafu barazani kwa namna iliyobaki: majina yao yatajwe, jamaa zao wasikilizwe kabla ya wakubwa, na anayekiri akiri mbele yao. Haitoshi. Hadithi yenyewe inatuonyesha kwamba haitoshi, na ni vizuri ituonyeshe, ili mtu asije kutuuzia kidogo hicho kama vile ni haki kamili.

Na swali la kichwa chetu linabaki kwa kila nyumba, maana Mwindo wadogo wako hata ndani ya parseli zetu: baba aliyeshinda kesi ya shamba, kijana aliyepata kazi, mkubwa wa kartie. Je, yuko Iyangura wa kumwuliza swali? Na akiuliza, tunamwachia aseme?