Mjumbe Asiyerudi na Jibu

Wahenga walisema mjumbe hauawi, kwa kuwa maneno anayobeba si yake. Je, akiyatupa njiani akasema yake, bado ni mjumbe?

Mwaka 1774, Edmund Burke aliwaambia wapiga kura wa Bristol, Uingereza, kwamba mbunge atatumia akili yake mwenyewe, hata ikipingana na matakwa yao. Hoja hii bado inanivuta. Hata sisi wengi hukosea.

Lakini Burke aliwaambia usoni. Mimi, Juni 2024, nilimtumia mbunge wangu ujumbe: tafadhali mheshimiwa, usiupitishe Mswada wa Fedha. Kimya. Tarehe 25 wabunge 195 wakaupitisha, 106 wakaukataa, na nje ya Bunge, Nairobi, vijana wakapigwa risasi. Mjumbe hakuuawa, waliouawa ni waliomtuma. Kesho yake Rais akasema hatautia saini. Basi ule wingi wa kura ulikuwa sauti ya nani?

Na mimi pia nina lawama yangu. Nilimpa kura kwa sababu alichangia mazishi ya mjomba. Kuhusu kodi sikumuuliza hata neno moja. Kifungu cha 104 cha Katiba yetu kinatupa haki ya kumwondoa mbunge kabla ya muhula wake kwisha. Ila kuna haki inayotangulia hiyo, nayo ni kuuliza. Mbunge wangu akitofautiana nami, sawa. Lakini arudi aniambie ni kwa nini.