Anapochekwa Bi Maryam, Nani Anacheka?



Ndugu zangu, kuna swali ambalo haliishi katika mazungumzo yetu ya hosteli: dhihaka ikimgusa kila mtu sawasawa, je, inageuka kuwa haki? Wanaoipenda katuni ya Kimarekani ya South Park hujibu kwamba ndiyo. Husema, "Hawa hawabagui. Wanamcheka Mkristo, Myahudi, Muislamu na asiye na dini. Tatizo liko wapi?"

Nisije nikazungumza hewani, nachukua msimu mmoja tu, wa tisa, uliorushwa mwaka 2005 ukiwa na vipindi 14. Ni wa zamani, lakini bado unazunguka katika flashi na simu zetu. Haki isemwe: watunzi wake, Trey Parker na Matt Stone, ni mafundi wa kuanika unafiki wa wakubwa na ujinga wa umati. Hukumu ya kuitazama nawaachia masheikh. Mimi nauliza kuhusu kicheko.

Tarehe 16 Novemba mwaka huo kilirushwa kipindi kilichoidhihaki dini ya Scientology. Mwanamuziki Isaac Hayes, aliyekuwa sauti ya mpishi wa shule tangu 1997, alikuwa mfuasi wa dini hiyo. Machi 2006 ikatangazwa kwamba anajitoa, kwa sababu imani za watu hazikuheshimiwa. Stone akajibu kwamba miaka yote walipowacheka Wakristo, Waislamu na Wayahudi, Hayes hakulalamika. Watu wengi wakamwona Hayes mnafiki. Miaka kadhaa baadaye mwanawe akaeleza kwamba baba yake alikuwa amepata kiharusi, na uamuzi ule waliufanya wengine. Surat al-Hujurat inatukataza dhana mbaya, basi tumwache marehemu. Lakini swali la Stone tusiliache, maana linatuhusu: je, unaumia pale tu unapoguswa wewe?

Msimu ulifungwa tarehe 7 Desemba kwa kipindi kuhusu baba mlevi anayetafuta muujiza wa kumponya. Ndani yake sanamu ya Bi Maryam ilifanyiwa dhihaka ambayo kalamu yangu haitaiandika. Wakatoliki wa Marekani walilalamika, na maaskofu wa New Zealand wakawataka waumini wakisusie kituo kilichokirusha huko. Kumbukeni majira yenyewe. Tarehe 30 Septemba 2005 gazeti la Denmark, Jyllands-Posten, lilikuwa limechapisha vibonzo vya Mtume wetu (s.a.w.), na mwanzoni mwa 2006 Waislamu wakaandamana katika nchi nyingi. Tuliumia, na tulikuwa na haki ya kuumia.

Sasa nauliza: Bi Maryam ni wa nani? Sura ya 19 ina jina lake. Ndiye mwanamke pekee aliyetajwa kwa jina ndani ya Qur'an, na waliomzulia uchafu wamelaumiwa humo vikali. Rafiki yangu mmoja alinijibu, "Ile ni sanamu tu, na sisi hatuna sanamu." Ni kweli, hatuna. Lakini mtazamaji hacheki plasta. Anacheka kwa sababu anajua ni nani aliyekusudiwa. Isitoshe, Surat al-An'am inatukataza kuvitukana hata vile vinavyoabudiwa kinyume na Allah. Ikiwa hivyo vimewekewa mpaka, itakuwaje kwa mwanamke aliyetakaswa?

Kuna hoja nyingine yenye uzito. Nabii Ibrahim (a.s.) aliyavunja masanamu, akaliacha kubwa lao, kisha akawaambia watu waliulize. Je, ile si kejeli? Ni kejeli, lakini tazameni ilivyokuwa. Aliisema mbele ya watu wake mwenyewe, akitaka waongoke, na ilimgharimu moto. Qur'an inaeleza kwamba kwa muda walizirudia nafsi zao wakafikiri. Kejeli yake ilifungua akili. Sisi tunaocheka chumbani, mlango umefungwa, na mwenye kuchekwa hayupo, tunamwongoza nani? Kugawa dhuluma sawasawa hakuifanyi kuwa uadilifu; huongeza tu idadi ya waliodhulumiwa.

Hapa Uganda jambo hili si la televisheni peke yake. Mkatoliki ni mwenzetu darasani, jirani yetu sokoni, na kwa wengi wetu ni shangazi au mjomba. Kila Juni tunawaona mahujaji wakitembea kwa miguu kwenda Namugongo. Kicheko ambacho tungekimeza akiingia mmoja wao, dhamiri zetu zimeshakitolea hukumu.

Tufanye nini basi? Surat an-Nisaa inatuelekeza kwamba tukisikia aya za Allah zikifanyiwa stihizai, tusikae na wahusika mpaka waingie katika mazungumzo mengine. Naona adabu hiyo inafaa hapa pia. Haikutuamrisha kupiga wala kuvunja, na neno "mpaka" linatuachia njia ya kurudi. Unainuka, unatoka, wakibadilisha mazungumzo unarudi kukaa na ndugu zako. Ni jambo dogo, lakini kusimama peke yako wakati chumba kizima kinacheka kunahitaji moyo.

Allah atupe moyo huo, na atufanye wenye kuumia kwa ajili ya wengine kabla hatujaguswa sisi. Wallahu a'lam.