Thesiger na Mchanga wa Arabuni
Wilfred Thesiger, Mwingereza aliyezaliwa Addis Ababa mwaka 1910, alilivuka jangwa la Rub' al-Khali mara mbili kati ya 1946 na 1948. Safari ya kwanza ilianzia Salalah, kusini mwa Oman, kwa kazi ya kutafuta mazalia ya nzige. Maji yalibebwa kwenye viriba vya ngozi ya mbuzi, machungu, na yalinywewa kwa kipimo.

Kitabu chake, Arabian Sands, kilitoka mwaka 1959. Kisa kinachogusa zaidi ni cha sungura. Msafara wenye njaa ya siku nyingi ulimpata mmoja; nyama ikiwa tayari, wakatokea wageni watatu. Mabedui wa msafara huo wakawakaribisha kwa furaha, wakawaachia chakula. Thesiger anakiri kwamba yeye moyoni alichukia. Ukweli wa namna hiyo ni adimu katika vitabu vya wasafiri wa Kiingereza.

Kitabu kilitabarukiwa bin Kabina na bin Ghabaisha, vijana wa Kibedui waliosafiri naye. Baadaye Thesiger aliishi miaka mingi Maralal, Kenya, miongoni mwa Wasamburu. Anayetaka kusoma safari za Mashariki aanze na kitabu hiki, wala asikiruke kisa cha sungura.