Mkuu wa Mkoa Anamwogopa Nani?

Yapo maswali ambayo binadamu huyaona madogo mpaka siku anapoyageuza na kuyatazama upande wa pili. Swali la nani mwenye haki ya kumweka madarakani kiongozi wa mkoa ni mojawapo. Wengi huliona kuwa jambo la wanasheria na wanasiasa, tena la nchi za mbali zenye serikali za majimbo. Mimi naliona kuwa ni swali la maadili kabla ya kuwa swali la sheria. Je, ni haki mtu kuongozwa na mtu ambaye hakumchagua, hawezi kumwondoa, na pengine hakuwahi kusikia jina lake mpaka lilipotangazwa redioni?

Nianze na hapa nilipo. Mkazi wa Tunduma humchagua mwenyekiti wa mtaa wake, diwani wake, mbunge wake na Rais. Kura yake inakoma hapo. Mkuu wa Wilaya ya Momba huteuliwa. Mkurugenzi wa Halmashauri ya Mji huteuliwa. Mkuu wa Mkoa wa Songwe, mwenye makao yake Vwawa, naye huteuliwa. Ibara ya 61 ya Katiba ya mwaka 1977 inasema kwamba Mkuu wa Mkoa katika Tanzania Bara atateuliwa na Rais baada ya kushauriana na Waziri Mkuu. Na kule Zanzibar atateuliwa na Rais wa Zanzibar baada ya kushauriana na Rais wa Muungano. Ushauri umetajwa mara mbili, lakini mwananchi wa mkoa wenyewe hakutajwa kuwa miongoni mwa wanaoshauriwa.

Mkoa wetu ulizaliwa mwaka 2016 kwa kumegwa kutoka Mbeya, ukiwa na wilaya za Mbozi, Momba, Ileje na Songwe. Mkuu wake wa kwanza alikuwa Chiku Gallawa. Tangu hapo ofisi ile imekwisha kukaliwa na watu zaidi ya watano. Hakuna hata mmoja wao aliyesimama jukwaani kutuomba kura, na hakuna hata mmoja aliyeondoka kwa kura yetu. Walikuja na wakaenda kama mvua. Tulijifunza kuwapokea, tukajifunza na kuwaaga.

Sasa tazama mwaka ule mkoa ulipozaliwa. Katika uchaguzi wa Oktoba 2015 wapiga kura wa Tunduma walikuwa wamemchagua mbunge wa Chadema, na madiwani wengi wa chama hicho hicho wakaishika Halmashauri ya Mji. Miezi michache baadaye akaja Mkuu wa Mkoa aliyeteuliwa na Rais wa CCM. Kwa hiyo katika mji mmoja zikawa zinasimama heshima mbili. Diwani alisema, "Mimi nimetumwa na watu." Na aliyeteuliwa naye aliweza kusema, bila kudanganya, "Mimi nimetumwa na Rais, na Rais amechaguliwa na watu wa nchi nzima." Wote wawili walikuwa na hoja. Tofauti ni kwamba mmoja alikuwa na jukwaa, na mwenziwe alikuwa na amri juu ya dola. Sheria ya Tawala za Mikoa ya mwaka 1997 inampa Mkuu wa Mkoa na Mkuu wa Wilaya uwezo wa kuamuru mtu awekwe rumande hadi saa 48 kama amani iko hatarini. Uwezo huo uliwahi kutumiwa vibaya katika sehemu mbalimbali za nchi, hata viongozi wa juu wa Serikali wenyewe wakalazimika kuwaonya wateule wao. Huko Tunduma aliyechaguliwa hana uwezo kama huo juu ya aliyeteuliwa.

Ukitaka kujua mambo haya yalianzia wapi, rudi nyuma kidogo. Wakati wa Waingereza nchi yetu ilikuwa imegawanywa katika majimbo, na sisi tulikuwa sehemu ya Jimbo la Nyanda za Juu Kusini, chini ya bwana PC. Bwana PC alikuwa mtu wa Gavana, na Gavana alikuwa mtu wa London. Baada ya Uhuru wa 1961 mabwana hao waliondoka, wakaja wakuu wa mikoa wa kwetu. Rangi ya mtu ikabadilika, na nia pia ikabadilika. Lakini njia ya kumpata haikubadilika. Mwaka 1972 yakaja Madaraka Mikoani, na jina lilikuwa zuri, lakini halmashauri za wilaya zikavunjwa na watumishi wa Serikali Kuu wakashika mahali pake. Ilibidi zitungwe sheria za mwaka 1982 ndipo halmashauri zirudi. Nalitaja hili kwa sababu linaonyesha kwamba madaraka yanaweza kupelekwa mikoani bila kufika kwa wananchi wa mikoani.

Hata hivyo si haki kuwasema wateuaji bila kuisikiliza hoja yao, na hoja yao si ndogo. Songwe ina Wanyiha, Wanyamwanga, Wandali, Wamalila, Wabungu na wengine. Tunduma yenyewe imejaa watu wa kila pembe waliofuata biashara ya mpakani: Wakinga, Wanyakyusa, Wachaga, Wasukuma, na wageni kutoka Zambia na Kongo. Mkuu wa mkoa atokaye mbali hana shamba la ukoo lenye mgogoro Mbozi, wala hana shemeji anayegombea kibanda sokoni. Anaweza kuamua ugomvi wa mpaka wa kijiji na kijiji bila kuulizwa yeye ni wa nani. Nchi hii ilijengwa juu ya fikra kwamba mtu wa Mara anaweza kuongoza Lindi na mtu wa Tanga anaweza kuongoza Rukwa, na hapana shaka fikra hiyo imetuepusha na mengi. Ndiyo maana neno "majimbo" huwatia wengi hofu, na Chadema walipoinadi sera ya majimbo katika kampeni zao walijibiwa kwamba wanataka kuigawa nchi.

Basi tuwatazame wanaochagua, tuone kama wamepona. Jirani zetu wa Kenya, kwa Katiba ya mwaka 2010, waliunda kaunti 47, na Machi 2013 wakapiga kura ya kwanza ya magavana. Kenya si shirikisho, lakini gavana wake hupatikana kama wapatikanavyo magavana wa Marekani au wa majimbo 36 ya Nigeria: huomba kura kwa wale wale atakaowaongoza, na muda wake una mwisho. Matokeo yake ni mchanganyiko. Kaunti za mbali, ambazo zamani zilisubiri huruma ya Nairobi, sasa zina bajeti yake na mtu wa kumlaumu. Lakini fedha, ukoo na kabila vilipanda gari lile lile la ugatuzi. Mwaka 2020 peke yake, Seneti iliwaondoa magavana wawili, Ferdinand Waititu wa Kiambu na Mike Sonko wa Nairobi, kwa tuhuma za matumizi mabaya ya madaraka. Mtu anaweza kusema, "Mmeona? Wanachagua wabaya." Mimi husema, "Naam, nimeona pia kwamba waliondolewa mchana, kwa mashtaka yaliyosomwa hadharani, na wao wakapewa nafasi ya kujitetea." Kwetu mkuu wa mkoa anaweza kuondolewa kwa mstari mmoja wa taarifa usiku, mwema kwa mbaya, na mwananchi asijue kosa lilikuwa nini wala kama lilikuwapo.

Kongo, ambako malori mengi yanayopita Tunduma ndiko yaendako, walichagua njia ya katikati. Katiba yao ya mwaka 2006 inasema gavana wa jimbo achaguliwe na wajumbe wa bunge la jimbo. Fikra ni nzuri, lakini wapiga kura wakiwa wachache, bei ya kura hupanda, na malalamiko ya kura kununuliwa yamesikika tena na tena. Kisha Mei 2021, katika Kivu Kaskazini na Ituri, viongozi wa kiraia waliwekwa kando na magavana wa kijeshi wakateuliwa kwa ajili ya usalama. Usalama haukuja kwa uteuzi peke yake, kwani Goma ilitekwa Januari 2025. India nayo ina gavana anayeteuliwa na Rais wa nchi katika kila jimbo, na papo hapo ina waziri kiongozi anayetokana na bunge lililochaguliwa na watu wa jimbo hilo. Shughuli za kila siku ni za waziri kiongozi. Gavana ni mlinzi wa katiba. Na bado wanagombana: magavana wa Tamil Nadu na Kerala walilaumiwa kwa kukalia miswada mpaka kesi zikafika katika Mahakama ya Juu.

Kwa hiyo hakuna nchi iliyopata njia isiyo na doa. Na hapa ndipo nilipoanza kuliona swali lenyewe kwa sura nyingine. Siku moja nilikuwa nikizungumza na mzee mmoja wa upande wa Nakonde, Mnyamwanga kama walivyo wengi wa huku kwetu. Akaniuliza kwa utani, "Mwanangu, huyo mkubwa wenu wa mkoa mlimpigia kura lini?" Nikamjibu, "Mzee wangu, waziri wenu wa Jimbo la Muchinga je, si huteuliwa na Rais kama wetu?" Akacheka, akasema, "Kweli. Lakini mwenyekiti wa halmashauri yetu tunampigia kura wenyewe, tangu mwaka 2016. Yule mwingine tukikutana naye tunampa shikamoo. Huyu tukikutana naye tunamwuliza maji yako wapi."

Maneno yale yamekaa nami. Mzee hakusema kwamba aliyechaguliwa ni mtu bora kuliko aliyeteuliwa. Alisema tu ni nani anayeulizwa. Kila kiongozi ana mtu anayemwogopa, kwa maana ya mtu ambaye ridhaa yake ndiyo riziki yake. Wa kuteuliwa humwogopa aliyemteua. Anaweza kuwa mcha Mungu, mchapakazi na mpole, na wa namna hiyo tumewaona. Lakini siku matakwa ya mkubwa wake na matakwa ya mama muuza ndizi pale Tunduma yakipingana, huyo mama anategemea dhamiri ya mtu peke yake. Dhamiri ni kitu kizuri, lakini si haki mwananchi awe na dhamiri ya mtu mwingine kama kinga yake pekee. Na ile hoja kwamba tunamchagua Rais, basi wateule wake ni kama tumewachagua sisi, inafanana na kumwambia mtu kwamba kwa kuwa alichagua basi, amechagua na kila abiria atakayeketi karibu naye.

Mimi basi nasema hivi. Uteuzi si dhambi, mradi madaraka ya mteule yasizidi uwezo wa watu kumwuliza. Nchi moja inahitaji jicho la Serikali Kuu katika kila mkoa, hasa mkoa wa mpakani wenye ushuru wa taifa, reli ya TAZARA na barabara ya nchi tatu. Jicho hilo na liteuliwe. Lione, lishauri, lipeleke habari juu, lizuie sheria za nchi zisivunjwe. Lakini mkono unaogusa chungu cha mwananchi, yaani soko lijengwe wapi, ushuru wa mji utumike kwa nini, bomba la maji lianzie mtaa gani, uwe mkono wa mtu ambaye mwananchi anaweza kumnyima kura. Na yule asiyeweza kuondolewa nasi asipewe uwezo wa kumfunga kinywa yule tuliyemchagua, hata kwa saa moja, achilia mbali 48.

Lakini ndugu msomaji, tusijidanganye kwamba sanduku la kura peke yake linatosha kuleta haki hiyo. Mwaka 2020 wabunge kadhaa wa CCM walipita bila kupingwa. Uchaguzi wa 29 Oktoba 2025 ulifanyika bila Chadema, baada ya Tume kukizuia kwa kutosaini kanuni za maadili. Uchaguzi ambao mpiga kura hana wa kumkataa huwa ni uteuzi uliovaa kanzu ya kura, na kiongozi aliyepatikana hivyo hurudi kumwogopa yule yule aliyempitisha. Ndiyo maana sipendi kusikia watu wakidai wakuu wa mikoa wachaguliwe kana kwamba neno hilo ni dawa. Tukiwachagua magavana kwa namna ile, tutakuwa tumewaongeza viongozi tu, hatujaongeza haki.

Mjadala wa Katiba mpya ulioanza na Tume ya Jaji Warioba mwaka 2012 ulikwama. Katiba Inayopendekezwa ya mwaka 2014 haijapigiwa kura ya maoni. Siku mjadala huo utakapofufuka, wengi watabishana tena juu ya serikali mbili au tatu, na majimbo au mikoa. Ningewaomba waongeze swali moja dogo kwa kila cheo wanachokiandika: huyu, akikosea, nani wa kumwuliza, na aulizwe wapi? Kama jibu liko Dodoma tu, basi mtu wa Tunduma bado hajapewa kitu, hata kama cheo hicho kimeitwa kwa jina tamu kiasi gani.