Mawe Haya Yatuuliza



Yoshua aliwaagiza Waisraeli wasimamishe mawe kumi na mawili, ili watoto wao watakapouliza maana yake wapate kujibiwa. Nasi tunayo mawe yetu. Huko Mkunazini, Unguja, soko la watumwa lilifungwa mwaka 1873, na siku ya Krismasi mwaka ule ule jiwe la msingi la Kanisa Kuu likawekwa papo hapo. Husimuliwa kwamba madhabahu yake imesimama mahali uliposimama mti wa kuwachapia watumwa.

Tukipiga magoti pale, ni rahisi kuwalaumu wageni peke yao. Lakini misafara ilipofika bara, walikuwapo wenzetu waliowauza jirani zao. Sisi tu uzao wa waliofungwa, na wa waliofunga pia. Mtoto akituuliza, tumjibu yote mawili.

Kisha turudi nyumbani, tumtazame yule binti anayetupikia mwaka mzima bila siku ya kupumzika. Je, yeye tumemfunga kwenye mti gani?

Ee Bwana, utusamehe, utufundishe kufungua. Amina.