Wimbo wa Kuingilia Kanisani



Vijana wanaotaka kufunga ndoa hukutana na swali hili mapema: bibi harusi aingie kanisani kwa wimbo gani? Wakitaja ling'oma, ngoma ya jadi ya Wanyakyusa, au wimbo wa dansi waliopendana nao, wazee hukunja uso.

Basi tuutazame ule tuliouzoea. Muziki ule wa kinanda ulitungwa na Mjerumani Richard Wagner kwa ajili ya opera, mchezo wa jukwaani unaoimbwa, ulioonyeshwa mara ya kwanza mwaka 1850. Ndani ya mchezo huo, ndoa inavunjika usiku uleule wa harusi! Ulivuma harusini baada ya binti wa Malkia Victoria wa Uingereza kuolewa, mwaka 1858. Na "Malaika" tunaoupiga ukumbini? Ni kilio cha kijana aliyekosa mali ya kuoa.

Ndoa ni ibada, na maneno ya wimbo lazima yapimwe. Lakini ugeni wa wimbo kanisani peke yake si kosa. Mwaka 1963, Mtaguso wa Pili wa Vatikano uliwataka Wakatoliki wauheshimu muziki wa jadi wa mataifa yaliyopelekewa Injili.

Ninyi mnaooana mwaka huu, mwendeeni mchungaji au paroko mapema, maneno ya wimbo yakiwa mkononi, na mwalimu wa kwaya mkimshirikisha. Nanyi wazee wetu, tunawaomba: usikilizeni hadi mwisho kabla ya kuukataa.