Deni la Mtunzi kwa Wafu: Filamu ya Maafa ya Hakkoda

Mtunzi anapoegemeza kazi yake juu ya maafa yaliyotokea kweli, ana haki ya kubadili nini? Aghalabu wahakiki wetu hulimaliza swali hili kwa kusema kuwa fasihi si historia. Jibu hilo halitoshi.

Mnamo Januari 1902 askari 210 wa kikosi cha Aomori, kaskazini mwa Japani, waliingia katika milima ya Hakkoda kufanya mazoezi ya kupita thelujini, kwani vita na Urusi vilikwisha kunukia. Walikufa 199. Siku hizo hizo kundi la kikosi cha Hirosaki, watu wasiofika 40, liliipita milima hiyo likitokea upande wa pili, nalo likarejea salama. Nitta Jiro aliyatungia maafa haya riwaya mwaka 1971. Moritani Shiro akaifanyia filamu mwaka 1977. Maafisa walibadilishiwa majina: Kannari akawa Kanda, Fukushima akawa Tokushima, Yamaguchi akawa Yamada.

Yamkini mtu atadai kwamba majina yakishabadilishwa, deni limelipwa. Sikubali. Jina jipya halimfichi mtu ambaye mlima wake, mwaka wake na idadi ya maiti wake vimeachwa vilivyo. Linamkinga mtunzi tu. Yamada wa kubuni ndiye anayempoka Kanda uongozi, na wengi wamemhukumu Meja Yamaguchi wa kweli kwa makosa ya Yamada, ilhali marehemu huyo alifariki siku chache baada ya kuokolewa.

Hata hivyo, dhuluma iliyo nzito zaidi imo katika lile linalopendeza. Katika filamu, Tokushima anawaamuru askari wake wampigie saluti mwanamke wa kijijini aliyewaongoza. Nakiri kwamba machozi yalinilengalenga. Ndipo nikaanza kuishuku saluti ile. Katika riwaya, kijiji kinapoonekana, mwanamke huyo huyo anaambiwa ashike mkia wa safu. Na wale wanakijiji saba walioliongoza kundi la kweli katika sehemu ngumu ya safari waliachwa njiani, wameumizwa na baridi kali, tena wakaamriwa kunyamaza.

Itasemwa kwamba Moritani alionyesha yaliyopasa kuwa, kama afanyavyo Shaaban Robert. Lakini Shaaban Robert aliijenga Kusadikika angani, mahali pasipo na kaburi la mtu. Saluti ya Moritani inalipa, kwa niaba ya jeshi, heshima ambayo jeshi halikuitoa, na mtazamaji huondoka ameridhika, asiulize habari za wale saba. Ukali wa Nitta, ambao baadhi ya wanafunzi wangu huuita ukatili, humwacha msomaji na swali hilo mkononi.